Sauti Iliyohamia Kiambere

Simu ilimkuta Zuleka akimchapia bwana mmoja risala ya harusi ya mpwa wake. Duka lake lilikuwa Majengo, Meru: chumba kimoja kati ya bucha ya Saad na ukuta wa nyumba za kupanga, chenye kompyuta mbili, printa iliyokuwa na tabia zake, na benchi la wateja. Namba hakuijua. Aliibana simu kwa bega, vidole vikiendelea na risala.

"Haloo, Zuleka hapa."

Upande wa pili palikuwa kimya. Alidhani ni mtandao, akauliza kama anasikika, akauliza tena. Alikuwa karibu kukata ndipo mwanamume akajibu, kwa Kiswahili cha darasani kilichonyooshwa kama shati la Jumapili, kwamba anamsikia vizuri sana na anaomba radhi.

"Nimeshtuka," alisema. "Sikutarajia namba hii ipokewe na mwenyewe. Sauti ni ile ile, dada. Ila imechoka kidogo."

Vidole vya Zuleka vilisimama juu ya kibodi. Bwana wa risala akamtazama.

Yule mtu akajieleza. Aliitwa Nthiga, alikuwa mwalimu wa Kiswahili na historia, na sasa alikaa nyumbani kwake Kiambere, upande wa Mbeere, si mbali na bwawa. Presha ya macho ilimla nuru polepole mpaka akaacha kazi kabla ya wakati wake. Kompyuta aliitumia kwa msaada wa programu inayowasomea vipofu kila kilichoandikwa kwenye skrini, na ndani ya programu hiyo alikuwa amechomeka plagini, kipande cha ziada kinachoipa programu kubwa kazi isiyokuwa nayo. Kazi ya plagini ile ilikuwa kusoma Kiswahili. Wiki iliyopita programu kubwa ilijisasisha yenyewe, na tangu hapo plagini ilikataa kuamka. Programu ilirudia sauti yake ya kuzaliwa, ya Kizungu, na sauti hiyo ilisoma Kiswahili kama mtu anayetafuna changarawe. Neno "ng'ombe" ililitamka herufi moja moja.

"Kufanya kazi nayo naweza," Mwalimu Nthiga alisema. "Kukaa nayo ndiko siwezi."

Namba ya Zuleka aliipata kwenye maelezo ya plagini, mwisho kabisa, mahali ambapo watu hawafiki. Zuleka mwenyewe alikuwa amesahau kwamba aliiweka pale. Akamwambia mwalimu ampe muda ajaribu kuangalia. Halafu akamaliza risala, akaichapa kwenye karatasi nzuri, na mteja alipotoka alikaa kwenye benchi la wateja, mahali ambapo hakuwa na mazoea ya kukaa.

Plagini ile aliitengeneza na Abubakr mwaka waliooana. Abubakr alikuwa fundi wa programu, kijana wa Majengo hapo hapo, mwenye kichwa chepesi na subira ya kuku anayeatamia. Yeye aliandika msimbo, yaani maandishi ambayo programu hujengwa kutokana nayo, na Zuleka akatoa koo lake. Chumbani kwao walisimamisha magodoro ukutani ili kuzuia kelele, wakawa wanarekodi baada ya adhuhuri, kati ya adhana na adhana, wakisubiri shoka la Saad lipumzike. Sentensi zilikuwa maelfu, nyingi hazina kichwa wala miguu. Mbuzi wa jirani amevunja ua. Je, daktari amekunywa uji? Abubakr alizikata vipande vidogo kuliko silabi, akavipanga, ili kompyuta iweze kuviunga upya na kusema neno lolote duniani. Alimtaka Zuleka asome bila furaha wala huzuni, kwa sababu sauti ya mashine haitakiwi kuwa na mambo yake. Zuleka alijitahidi. Lakini alikuwa bibi harusi wa miezi michache, na mama yake, Mwanabibi, alikuwa chumba cha pili akipika na kujifanya hasikii vicheko vyao.

Waliiweka mtandaoni bure, wakamwachia Mungu. Baadaye Abubakr alipata kazi Nairobi, akamtaka mkewe wahame. Zuleka akasema mama ni mgonjwa, hana mwingine. Abubakr akaenda, akawa anakuja mwisho wa mwezi, kisha kila baada ya mwezi, kisha kwa Idi. Hawakugombana hata siku moja. Walipoachana walikubaliana kama watu wanaogawana mzigo mzito ili kila mmoja abebe anachoweza. Mwaka uliofuata Mwanabibi naye alifariki, na Zuleka akabaki na nyumba ya kupanga, duka, na salamu za asubuhi na Saad, ambazo siku nyingine ndizo zilikuwa mazungumzo yake yote yasiyohusu kuchapa na kutoa nakala.

Sauti yake mwenyewe hakuwahi kuisikiliza tena.

Kesho yake, wateja walipopungua, alipakua programu ya vipofu kwenye kompyuta yake na kuchomeka plagini. Ikakataa, kama mwalimu alivyosema. Haikumchukua muda kuona sababu. Ndani ya plagini kulikuwa na faili ambazo mafundi huziita DLL, maktaba za kazi zilizokwisha kuandikwa. Programu ikitaka kufanya jambo haianzi kuliandika upya, inaazima humo. Programu kubwa ilikuwa ya mfumo wa zamani wa biti thelathini na mbili, kipimo cha kiasi ambacho kompyuta hukishughulikia kwa mara moja. Toleo jipya lilikuwa limehamia biti sitini na nne, na programu ya sitini na nne haiwezi kubeba maktaba ya thelathini na mbili hata ikiwa nzuri namna gani. Faili haikuwa imeharibika. Ilikuwa vile vile ilivyoachwa. Wenzake ndio waliohama.

Dawa yake ilikuwa moja, kuijenga maktaba upya kutoka kwenye msimbo. Na msimbo alikuwa nao Abubakr.

Zuleka alizunguka na jambo hilo kama mtu aliyepoteza ufunguo ndani ya nyumba yake. Alijiambia amwambie mwalimu haiwezekani. Akajiambia kwamba mtu akizoea sauti moja anaweza kuzoea nyingine, na watu wamezoea makubwa kuliko hayo. Siku ya Ijumaa, baada ya swala, alipiga simu.

Abubakr aliitikia salamu vizuri, akamwita Bi Zuleka. Enzi zile hakuwahi kumwita Bi. Nyuma yake mtoto alikuwa akiuliza chaja iko wapi. Zuleka alieleza haja yake kwa ufupi, kama mteja, na Abubakr akacheka kicheko kilichoanza cha mshangao kikaishia kingine.

"Nilidhani ile tuliizika," alisema.

"Kuna mtu bado anaisikiliza."

Alisema atatafuta kwenye diski zake za zamani. Kisha hakukata. Alisafisha koo, akasema kwamba Mama Mwanabibi alikuwa mtu mwema, alimlisha kama mwanawe, na kwamba tangu msiba hakupata nafasi ya kumwambia hivyo. Zuleka alimshukuru. Alitaka kusema kwamba nafasi ilikuwepo, ilikuwa miaka mizima, lakini mtoto wa watu alikuwa bado anaulizia chaja, na yeye hakuwa na haki tena ya kuchukua muda wa nyumba ile.

Faili zilifika kabla ya magharibi, bila neno la ziada. Zuleka alizifungua dukani, mlango ukiwa nusu wazi. Alikuwa amesomea kompyuta chuoni hapo mjini, na miaka ile alikuwa akimsaidia Abubakr kusaka makosa, kwa hiyo msimbo haukumtisha. Kilichomtisha ni maneno ambayo Abubakr alikuwa akijiandikia katikati ya mistari, kama mafundi wafanyavyo ili wakumbuke. Mengi yalikuwa ya kazi. Moja lilisema: Z. ana mafua leo, hizi zirudiwe kesho. Zuleka alilisoma, akashusha ukurasa, akaupandisha, akalisoma tena. Kisha akaendelea na kazi, kwa sababu maktaba haijengwi kwa kukodolea macho mafua ya zamani.

Ilimchukua siku kadhaa za kuibia ibia muda kati ya wateja. Mistari mingine ilikuwa ya kizamani, zana mpya zikaikataa, akairekebisha mmoja mmoja. Mwishowe maktaba ilijengeka, akaichomeka kwenye kompyuta yake, na programu ikaikubali. Kabla haijasema neno aliikata sauti. Alitosheka kuona kwenye skrini kwamba imekubalika. Akamtumia mwalimu.

Mwalimu alipiga simu mchana ule ule. Sauti haikuwa imetoka. Kulikuwa na ujumbe wa kosa ambao ile sauti ya Kizungu iliutamka kwa kasi asiupate, kwa hiyo alikuwa amemwomba jirani yake aje amsomee. Jirani aliitwa Ciakuthii, mama mtu mzima mwenye sauti ya kuzoea kuita mbuzi, na ujumbe wa Kiingereza aliusoma herufi kwa herufi, akipumzika kila mwisho wa mstari kama mtu anayepanda mlima.

"Inasema faili haionekani, mwarimu," Ciakuthii alisema. "Lakini mimi naiona. Si hii hapa? Iko na jina ile ile."

Na kweli ilikuwepo. Zuleka alimwelekeza afungue folda, na Ciakuthii akazisoma faili zote zilizokuwemo, na iliyodaiwa haionekani ilikuwa ya pili kutoka juu. Wakajaribu kuihamisha, wakaifuta na kuirudisha, wakaizima mashine na kuiwasha. Mtandao wa Kiambere ulikuwa ukija na kuondoka kama mgeni asiyejua akae au aende. Mara ya tatu simu ilipokatika, Zuleka aliandika ujumbe kwamba atakuja mwenyewe.

Hakujiuliza sana kwa nini. Alimwachia Saad funguo za duka, akabeba laptopu na nguo za kubadilisha, akashika njia ya Embu kupitia Chuka. Alikuwa stendi ya Embu, akisubiri gari la Kiritiri na kula ndizi, ndipo jibu lilipomjia lenyewe. Kompyuta inaposema faili haionekani, mara nyingine haisemi habari za faili ile iliyotajwa. Maktaba nayo huegemea maktaba nyingine, na hiyo nyingine isipokuwepo, lawama huangukia ile iliyo mbele. Abubakr alitumia maktaba ndogo ya kufungulia sauti zilizobanwa. Kwenye kompyuta ya duka ilikuwepo tangu zamani, imekaa ndani kabisa ya mfumo, wala haikuwa kazi ya mtu kuikumbuka. Kwenye kompyuta ya mwalimu haikuwepo.

Alijua basi kwamba safari haikuhitajika. Faili ilikuwa ndogo. Angeweza kuituma kwa simu pale pale stendi, akamwelekeza Ciakuthii mahali pa kuiweka, akarudi Meru mapema. Gari la Kiritiri lilipokaribia kujaa, alipanda.

Kutoka Kiritiri alichukua pikipiki. Nchi ilikuwa imeshuka na kukauka, migunga na mchanga mwekundu, na joto ambalo mtu wa Meru hulivaa kama blanketi la mwenzake. Nyumba ya mwalimu ilikuwa ya mawe, ndogo, na kamba ilikuwa imefungwa kutoka mlangoni hadi jikoni na kutoka jikoni hadi chooni, kwa kushikia. Mwalimu Nthiga alikuwa amesimama barazani kabla pikipiki haijazima. Alikuwa mrefu, amevaa koti katika joto lile, na aliposikia salamu yake alitabasamu, akageuza uso pembeni kidogo, sikio mbele.

Alimkaribisha kwa heshima zote, akamtafutia kiti kwa mikono, akataja kila kilichokuwa mezani ili mgeni asione haya kuchukua: chai hii, viazi vitamu hivi, asali ya mzinga wake mwenyewe ile. Wakazungumza. Mkewe alikwenda Manyatta, upande wa Embu, kumlea mjukuu, bintiye alipojifungua na kurudi kazini. "Mjukuu sasa yuko darasa la nne," alisema, bila kinyongo, kama anayetaja hali ya hewa. Mkewe alikuwa akipiga simu kila Jumapili. Ciakuthii alikuwa akileta chakula cha mchana na kuuliza kama kuna kilichopungua. Zaidi ya hapo, nyumba ile haikuwa na msemaji ila mashine.

Akamweleza alichokuwa akifanya nayo. Utotoni mwake familia nyingi zilihamishwa pale bwawa lilipojengwa na mto Tana ukapanda, na mahali pengi palizama na majina yake. Wazee waliokumbuka walikuwa wakipungua. Yeye aliwaendea, au Ciakuthii akamletea, wakamsimulia, akaandika kwa kibodi kisha akairudisha kompyuta mwanzo imsomee alichoandika, asahihishe.

"Kwa hiyo mambo yote ya huku chini," alimwambia Zuleka, "nimesomewa na wewe. Nilidhani ni msichana wa redio. Nilikuwa nikijiuliza ni wa wapi, maana Kiswahili chake kimekaa vizuri mno kuwa cha huku kwetu."

Zuleka alisema kwao ni Majengo, na wao hicho ndicho cha nyumbani. Alitaka kusema zaidi. Alikuwa na hamu, aliiona wazi sasa, ya kusema zaidi, kuhusu magodoro, kuhusu mama. Lakini mwalimu alikuwa ameshaigeuza laptopu kuelekea upande wake.

Kazi yenyewe ilikuwa ya dakika chache. Alitazama kwa kifaa kinachoorodhesha kila maktaba ambayo maktaba nyingine inaihitaji, akaona kweli iliyokosekana ni ile ndogo. Akainakili kutoka kwenye laptopu yake, akaiweka ubavuni mwa mwenzake, akawasha programu upya.

Hakuwahi kuikata sauti mara hii. Mashine ilikohoa kidogo kama zinavyokohoa, kisha yule msichana wa redio akasema kwamba eneo kazi limefunguliwa, na kwamba kuna faili kumi na mbili.

Mwalimu aliinamisha kichwa. Vidole vyake vikaenda kwenye kibodi haraka, bila kupapasa, vikafungua maandishi, na msichana akaanza kusoma. Alisoma kwamba kabla ya maji, njia ya mtoni ilipita nyuma ya boma la kina Ciambaka, ikazunguka jiwe ambalo wanawake walisagia dawa, na kwamba hapo ndipo mama alipopumzika akitoka kuteka. Yalikuwa maneno ya mtu mwingine kuhusu mahali ambapo Zuleka hakuwahi kufika wala hataweza kufika. Sauti ilikuwa nyepesi. Katika kila neno mlikuwa na kitu kidogo kilichokuwa kinataka kucheka, ambacho Abubakr hakufanikiwa kukikata chote. Iliposema "mama", ilisema kama inavyosema mtu ambaye mama yake yuko chumba cha pili na anaweza kuitika.

Zuleka alishika kikombe cha chai kilichokwisha. Ilimjia kwamba msichana yule alikuwa na makazi na kazi na mtu wa kumsubiri, na kwamba miaka hii yote, Zuleka alipokuwa akifunga duka na kwenda kupika chakula cha mtu mmoja, msichana alikuwa huku akizungumza mchana kutwa.

"Mwalimu," alisema, "sauti hiyo tuliirekodi—"

Mwalimu Nthiga aliinua mkono, kwa upole, bila kugeuza uso. "Subiri kidogo, dada."

Akaendelea kusikiliza. Uso wake ulikuwa umelegea kama wa mtu aliyevua viatu. Msichana alisoma juu ya mti ambao nyuki hawakuuhama mpaka maji yalipofika matawini. Zuleka alisubiri. Aya ilipokwisha mwalimu alifungua nyingine.

Zuleka alitoka nje taratibu. Ciakuthii alikuwa uani akipepeta ndengu, zile choroko za huko, na makapi yalikuwa yakienda na upepo kuelekea bwawani. Alimsogezea kigoda.

"Sasa amerudishiwa bibi yake," Ciakuthii alisema bila ubaya. "Hiyo kitu ikianza kuongea, hata mimi nikimwita chakula haskii. Lakini ni vizuri. Hii wiki yote alikuwa anakaa tu."

Zuleka alicheka naye. Akasaidia kuokota mawe kwenye ndengu. Baadaye mwalimu alitoka akishika kamba, akamshukuru kwa maneno mazuri yaliyopangwa, akamfungia asali, na akataka kulipa nauli, Zuleka akakataa. Alimwambia akifika Meru amsalimie mumewe, fundi yule, ambaye jina lake alikuwa akilisikia kwenye maelezo ya plagini pamoja na lake. Zuleka alisema atamsalimia.

Jioni ilimkuta Embu, magari ya Meru yamekwisha. Alichukua chumba kwenye gesti karibu na stendi. Chini kulikuwa na hoteli. Mhudumu aliuliza kama kuna mwenzake anayemsubiri kabla hajaleta chakula. Alisema hapana. Mhudumu akakiondoa kiti cha pili akakipeleka kwenye meza ya watu wengi, ambako kilihitajika.

Alipofika nyumbani alifunga kazi ile inavyofungwa. Alitengeneza toleo jipya la plagini, akatia maktaba zote mbili ndani, kubwa na ile ndogo, ili mtu mwingine asije akaambiwa faili haionekani na huku anaiona. Jina la Abubakr aliliacha mahali pake, kwa kuwa kazi ilikuwa yake. Alimwandikia kwamba imefanya kazi. Abubakr akajibu kwa picha ya kidole gumba cha manjano.

Wiki za kwanza Mwalimu Nthiga alipiga mara mbili. Mara moja alitaka kujua namna ya kupunguza kasi ya kusoma. Mara ya pili alisema sauti ilikwama kwenye jina fulani la Kimbeere, na wakati Zuleka anatafuta la kumwambia, ikakwamuka yenyewe. Alikuwa na adabu, alifurahi, akaaga. Baada ya hapo hakupiga. Zuleka alijikuta akiitazama simu wakati wa alasiri, saa ile mwalimu aliyopiga zile mara mbili, na ilimchukua muda kuelewa kwamba alikuwa akingoja kitu kiharibike. Plagini ilikuwa imekaa vizuri. Hakukuwa na mtu aliyekuwa na sababu ya kumpigia mtu aliyetengeneza kitu kisichosumbua.

Mvua za masika zilianza. Majengo kulijaa matope, wateja wakapungua, Saad akafunga bucha mapema. Alasiri moja, mashine zikiwa zimezimwa na maji yakigonga mabati, Zuleka alitafuta namba ile na kupiga. Iliita sana. Alipokuwa karibu kukata, ikapokewa, na nyuma yake akasikia sauti ya msichana ikisoma, kisha ikanyamazishwa katikati ya neno.

Mwalimu alimtambua mara moja. Akauliza, kwa wasiwasi wa mtu ambaye ameshazoea kupoteza vitu, kama kuna shida. Kama programu inataka kujisasisha tena.

"Hakuna shida, Mwalimu," Zuleka alisema. "Nimepiga tu. Nilitaka kuuliza kama huko mvua imefika."

Zuleka alisikia kiti kikivutwa, kisha mlango ukifunguliwa, kisha pumzi ya mtu aliyetoka nje na kusimama.

"Ngoja nisikilize," alisema.